Lita Mbili

Mimi si mtu wa sanaa. Mimi ni mwenye jenereta.
Kilembe nzima wananijua kwa ngurumo yangu:
harusi, kesha la msiba, kampeni za diwani,
elfu themanini kwa usiku, petroli ya mteja.

Akaja Ithungu, binti wa Thembo wa taa namba 1147,
yule aliyesomea picha huko Kampala
na hana hata moja ya kutundika sebuleni.
Akasema, nataka umeme mtoni.
Mtoni wapi? Mtoni, juu ya mawe,
pale palipokuwa na nyumba za wafanyakazi
kabla Nyamwamba haujashuka na mlima mdomoni.
Nikajisemea: hela ya mwendawazimu nayo inanunua chumvi.

Akatundika mashuka kumi na mawili.
Si mapya. Ya watu. Aliyaomba mlango kwa mlango,
mengine yana viraka, moja lina doa la uzazi,
na hakutaka yafuliwe.

Filamu yenyewe aliitoa kwenye tope:
mkebe wa bati wa siku za kampuni,
kutu imeuziba kama gaga la kidonda.
Alipoufungua, alisema, ulinuka siki.
Mwingine angelia. Yeye aliuosha ukanda
kwa maji ya uvuguvugu na vidole viwili
siku kumi na tisa,
na kilichobaki ndicho alichokuja kutuonyesha:
madoa.

Nasema kweli. Madoa.
Kijani cha shaba kikitambaa,
nyufa zikikimbia kama sisimizi waliomwagiwa maji moto,
mara bega, mara kitu kama ngazi,
mara hakuna.
Watoto wakacheka. Mzee Baluku akauliza sauti iko wapi,
akaambiwa sauti ni mto. Akaguna.

Ndipo Mama Kabugho aliposimama.
"Ule ni mlango wangu."
Upi?
"Ule. Bawaba ya chini haishiki, huoni unavyolegea?"
Mlango gani, akadakia mtu nyuma, yule ni mbuzi wa Muhindo,
yule aliyezaa pacha juu ya paa, maji yakipanda.
Wakabishana hadi mate yakaruka,
macho mia, doa moja.

Mimi nilikuwa nasikiliza mashine, siangalii.
Nikainua kichwa.
Shuka la saba, kona ya kushoto, chini:
mwanamke ameinama juu ya beseni,
leso ameifunga upande, kiharakaharaka,
kama aliyenizaa.
Hatuna picha yake. Hata ya kitambulisho
ilikwenda na sanduku.
Nikawasha tochi nimwone vizuri.

Shuka. Jeupe. Kiraka.

Nikazima. Akarudi, bado ameinama.
Nikawasha. Shuka.
Mara tatu, kama mjinga,
hadi Ithungu akaja akaishika tochi yangu,
hakuivuta, hakusema neno,
aliishika tu, kama unavyoshika mkono wa mtoto
anayetaka kumwamsha mgonjwa.

Jenereta ikakohoa. Ikafa.
Mwenye kujaza mafuta ni mimi, na mimi nilikuwa natazama.
Giza la chini ya Rwenzori huingia hadi masikioni.
Nikangoja matusi. Harusini hunitupia chupa.
Hakuna aliyeondoka.
Mashuka yakapigwa na upepo, hatuyaoni, tunayasikia,
na Mama Kabugho, taratibu,
kama anayeongea na mtu aliye upande wa pili:
"Sukuma. Haujafungwa."

Nilikwenda kwa pikipiki kununua lita mbili, kwa pesa yangu.
Elfu themanini alinilipa asubuhi,
noti zilizokunjwa, zina mchanga.
Zile lita mbili namdai hadi leo.
Hupiga simu: nikutumie kwa namba hii?
Namwambia mtandao unasumbua.
Aje mwenyewe.
Aje na shuka la saba.